Mitalawanda ya Thakor Ji

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi Mwanvua binti Uthmani alifungua sanduku lake la ufundi pembeni ya ngazi za hekalu la Wahindu, Rohero, mitaa miwili kutoka soko lililoungua. Alitoa nyundo, sindano ya kushonea ngozi, uzi wa nailoni, kopo la gundi na vipande vya tairi kuukuu. Kisha akatandika gunia, akaketi, akatazama ngazi ya pili. Mitalawanda ilikuwa pale, kushoto na kulia, imeelekezwa ndani. Aliigusa kwa kiganja na kukuta bado ina joto la miguu.

Ilikuwa viatu vya kizamani, ubao mtupu usio na kanda, na msuruaki wa mti wa kubanwa kati ya kidole gumba na cha pili. Ilifika kila siku kabla ya kengele ya asubuhi na kuondoka baada ya sala ya jioni, na hakuna aliyewahi kuiona miguu iliyoivua. Mwanvua alikuwa Mwislamu wa mtaa wa Buyenzi, fundi viatu mwana wa fundi viatu. Wahindu hawaingii hekaluni na viatu, kwa hiyo zamani walimpa baba yake mahali pa kukaa langoni ili awatunzie, na alipofariki binti akashika nafasi. Waumini walipungua mwaka hadi mwaka. Mitalawanda haikukosa hata siku moja, hata siku zile za risasi ambapo Mwanvua mwenyewe alikosa.

Aliifuta vumbi, akakagua misuruaki. Wa kulia ulikuwa umeanza kulegea. Aliwahi kuubadilisha mara tatu, na hakuona ajabu, maana kitu kikivaliwa kila siku lazima kiishe.

Alipoinua macho aliona karatasi imebandikwa kwenye nguzo ya lango. Ilikuwa ya Kifaransa, ina mhuri wa duara. Mwanvua hakuwa na Kifaransa cha kutosha kuisoma, akamngoja Kantaben.

Kantaben alifika saa moja na maua yake kwenye mfuko wa plastiki. Alikuwa na miaka themanini na moja, mwembamba, mkali, mjane wa muuza vitambaa. Kamati ya hekalu ilikuwa na wajumbe tisa, na wanane kati yao walikuwa Uingereza, Kampala au ahera. Kwa hiyo Kantaben alikuwa mwenyekiti, katibu, na mjumbe anayepinga. Aliisoma karatasi mara mbili, akavua miwani.

"Wanasema Thakor Ji amekufa," alisema.

"Lini?"

"Iko miaka kumi na mbili sasa. Uvira. Malaria. Wanasema aliacha mutoto, na mutoto ameuza parseli, kiwanja hii yote. Tutoke."

Mwanvua alitazama ngazi ya pili. "Na asubui ya leo nani alivua hii?"

"Njo hiyo nitaenda kuwauliza," Kantaben alisema, akapanda kwenda kupiga kengele.

Kiwanja kile kilikuwa kimeandikishwa na watu wenye akili nyingi mno. Wakati wa Wabelgiji ndugu wawili, wafanyabiashara wa vitambaa, walijenga hekalu kwa ushirika, na kila mmoja aliwaogopa watoto wa mwenzake. Wakaona wakiandika jina la mmoja wao, siku moja warithi watakatana mapanga kwa ajili ya lango na visima. Basi wakaandikisha kiwanja kwa jina la Bwana mwenyewe, yule anayeabudiwa ndani, ambaye kwa lugha yao humwita Thakorji. Yeye hafi, kwa hiyo hataacha warithi wa kugombana. Karani wa ardhi, Mbelgiji, hakuwa na fomu ya miungu. Fomu yake ilidai ukoo na jina, akaandika ukoo Thakor, jina Ji. Kazi: mfanyabiashara, kwa sababu hakuwahi kumwona Mhindi wa kazi nyingine. Ndoa: hajaoa. Wale ndugu walisoma, wakacheka njia nzima hadi nyumbani, wakaiacha hivyo hivyo. Na ikakaa hivyo miaka themanini, bwana mmoja mfanyabiashara, kapera, mzee kuliko watu wote wa mji.

Mtu aliyelikuta jina hilo kwenye daftari alikuwa Bwana Loïc wa Kiriri, kilimani kwa matajiri. Alikuwa mtu wa adabu, aliyejua kumsalimia kila mmoja kwa jina lake, na pengine ndiyo maana mambo yake yalikuwa yanamnyookea. Alifika juma hilohilo na wapimaji wawili.

"Mama Mwanvua, salama? Usiogope, mama. Nitakutafutia pahali pengine pazuri, penye kivuli."

"Kivuli niko nayo hapa."

"Hapa tutajenga."

"Hapa iko mwenyewe."

"Amekufa, mama. Niko na karatasi."

Mwanvua alimwonyesha mitalawanda. Loïc aliinama, akaipapasa, akakubali kwa kichwa kwamba ina joto. Alipopita kwenda kupima aliizunguka ili asiikanyage.

"Naona," alisema. "Lakini karatasi iko na mhuri."

Kantaben alifungua kesi. Ilisikilizwa mara ya kwanza mwezi wa tatu, mbele ya Jaji Consolée, mwanamke mnene wa sauti ndogo ambaye hakupenda maneno marefu. Aliruhusu Kiswahili kitumike, kwa kuwa ndiyo lugha pekee iliyokuwa kwenye midomo ya wote. Wakili wa Loïc, Bi Ingrid, alitoa cheti cha kifo cha Thakor Ji, mfanyabiashara, kapera. Cheti cha uzazi cha mwanawe wa pekee, aitwaye Cirimwami. Mkataba wa mauzo. Na hati mpya ya kiwanja. Kapera kuwa na mtoto hakukumshangaza mtu mahakamani hapo.

"Mama, unasema nini?" jaji alimuuliza Kantaben.

"Ule hakufa, Madamu."

"Kwa nini unasema hakufa?"

"Kufa haiko desturi yake."

Jaji aliandika. Kisha akasema kwamba kama mwenye kiwanja ni mzima, njia fupi kuliko zote ni aje mwenyewe, na mahakama itampelekea wito.

Mjumbe wa mahakama aliyeleta wito alitaka kuukabidhi mkononi mwa mhusika, kama sheria inavyotaka. Mwanvua alimwambia ukweli. "Mukono yake sijapata kuiona. Mi nikonaye kwa miguu tu." Mjumbe alifikiri sana. Alikuwa mtu wa makini, na kazi ya kupeleka karatasi ilikuwa imemkutanisha na mambo mengi. Mwishowe aliukunja wito mara nne, akaubana nyuma ya msuruaki wa kushoto, akaketi kwenye gunia la Mwanvua kungoja. Baada ya sala ya jioni walisikia ubao ukigonga ngazi mara mbili. Mitalawanda haikuwapo, na wito haukuwapo. Mjumbe aliandika kwenye daftari lake: umepokelewa.

Pamoja na ule wito kulikuwa na mwingine wa Mwanvua. Mahakama ilimtaka aje kama shahidi, kwa kuwa ndiye anayemfahamu mhusika kwa ukaribu kuliko wengine.

Hapo ndipo usingizi ulipompaa. Buyenzi habari haina miguu lakini inatembea, na kufikia Ijumaa wanawake walikuwa wanasema kwamba binti Uthmani, hajati wa watu, anakwenda kuapa mbele ya serikali kwamba mungu wa Wahindi yu hai. Jirani mmoja hakuitikia salamu yake. Mwanvua aliumia. Alikuwa amefunga Ramadhani arobaini na tisa bila kula hata siku moja ila kwa hedhi na kwa uzazi, na hakuwahi kuvuka ngazi ya pili ya hekalu lile hata mvua ikimpiga.

Alasiri alikwenda kwa kaka yake Tajudini, anayefundisha watoto Kurani nyuma ya gereji. Alimkuta anakunywa chai.

"Kaka, nikisema ni muzima, nimekufuru?"

Tajudini hakuharakisha. Alimaliza kikombe, akafuta midomo. "We unajua nini?"

"Mi najua viatu."

"Basi sema viatu. Mambo ya mwenyewe umuachie mwenyewe." Akaweka kikombe chini. "Ile viatu waliiacha kwa baba kwa njia gani? Walimuuzia?"

"Apana. Amana."

"Na baba akikufa alikuachia kwa njia gani?"

"Amana."

"Sasa unaniuliza nini, dada?"

Mwanvua alirudi nyumbani kwa miguu. Hofu yake ilikuwa moja na aliijua vizuri. Aliogopa kusimama siku ya hesabu, akaulizwa kuhusu jozi moja ya viatu vya mti alivyoachiwa avitunze, pamoja na mlango vilipokuwa vinavuliwa, halafu jibu lake liwe kwamba kuna mtu alikuja na mhuri. Masengenyo ya jirani angeweza kuyameza. Jibu lile asingeweza. Aliamua, akapika, akalala.

Siku ya kesi alifika mapema, akaketi kwenye benchi la barazani. Kando yake aliketi mtu wa miaka thelathini hivi, mwenye matope hadi magotini, maana alitoka Buterere na mvua zilikuwa zimeingia nyumbani mwao tena. Ndara yake ya kushoto ilikuwa imekatika. Mwanvua hawezi kuona kiatu kimekatika akakaa kimya. Akaiomba, akatoa sindano kwenye pochi, akaanza kuishona.

"Mama ni wa kesi gani?" yule mtu aliuliza.

"Ya parseli ya Wahindi. Na wewe?"

"Hiyo hiyo. Mi njo Cirimwami. Njo mutoto wa marehemu."

Mwanvua alisitisha sindano. Angeweza kumwambia mengi. Lakini mtu akikwambia amefiwa, kuna neno moja tu la kuanzia. "Pole," alisema.

"Asante, mama," Cirimwami alijibu, na macho yake yakalowa kweli. Mwanvua aliona hilo, likamchanganya. Alikaza fundo, akakata uzi, akamrudishia ndara.

Saa tatu kamili karani alifungua mlango wa chumba cha kesi, akajikwaa. Mitalawanda ilikuwa kizingitini, imeelekezwa ndani. Jaji Consolée alishuka kuja kuiona, akaigusa, akarudi kitini, akaamuru iandikwe kwamba mlangoni pamekutwa jozi moja ya viatu vya mti, yenye joto.

Bi Ingrid alisimama. Alisema viatu si upande katika kesi, havina wakili wala kitambulisho.

"Ni kweli," jaji alisema. "Lakini aliyevua mlangoni ameingia. Ameketi wapi?"

Watu walitazamana. Chumba kilikuwa kimejaa hadi madirishani, na kulikuwa na nafasi moja tu tupu, kwenye benchi la walalamikaji, kuliani kwa Kantaben. Hakuna aliyekuwa amejaribu kuikalia. Jaji aliamuru ibaki hivyo, kisha akamwita Mwanvua.

Mwanvua aliapa kwa Mola wake kwamba atasema anachokijua.

"Unamjua Thakor Ji?"

"Apana, Madamu. Najua viatu yake."

"Ni mutu aliye hai?"

"Mi siwezi kusema ni nani, wala ni nini. Hiyo sikuapia. Minasema iko mguu unavaa. Msuruaki ya kulia nilibadilisha mara tatu, mara ya mwisho mwaka wa soko kuungua. Sasa imelegea tena. Kiatu ya marehemu haiishi, Madamu. Inakaa chini ya kitanda, inakula vumbi. Hii inaisha. Kisigino ya kushoto inaisha upande wa inje, sababu anapanda ngazi na kushoto."

Bi Ingrid aliomba kuuliza. "Shahidi, kwa ujuzi wako, huyu anayevaa ana umri gani? Uzito gani?"

"Kisigino haisemi umri. Uzito, inategemea siku. Siku zingine ubao unalia kidogo tu, ni uzito ya mutoto. Siku ya sikukuu yao ya mataa, ubao unapasuka. Nimeunga na gundi mara nyingi, unaweza kuangalia."

Karani alikwenda kuangalia, akaripoti kwamba gundi ipo. Loïc, kwenye benchi lake, alitikisa kichwa kwa kukubali. Hakuwa mbishi kwa mambo yanayoonekana.

Kisha aliitwa Cirimwami. Jaji alimwambia aende mlangoni amsalimie baba yake, au aseme kama hivyo viatu si vyake. Cirimwami alikwenda. Alivua ndara, akachutama, akapima kwa shubiri ubao wa kulia, akakaa vile kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Si ya baba," alisema bila kugeuka. "Baba alikuwa na miguu kubwa. Alikuwa anabeba magunia pale bandarini, Kalundu."

"Jina lake?"

"Ntakwinja, Madamu. Alikufa kweli. Sikudanganya kifo. Malaria, Uvira, siku ile ile imeandikwa pale. Nilienda kutafuta karatasi yake, nikakosa, leo apana, kesho apana. Njo mutu mumoja akanisaidia. Karatasi ikatoka siku moja. Siku ni yenyewe, ugonjwa ni wenyewe, kila kitu ya baba. Jina tu njo ilikuwa ya mutu mwingine. Walisema jina watairudisha kisha."

"Walirudisha?"

"Apana."

"Kwa hiyo baba yako, kwa karatasi, bado ni mzima?"

"Kwa karatasi ni muzima. Mwaka jana walimuita kwenye chanjo."

Mwanvua alielewa sasa yale machozi ya barazani. Walikuwa wamemnyang'anya mbeba magunia kifo chake, wakamvisha asiyekufa, na mtoto wake alikuwa ametia dole gumba kwenye mauzo kwa sababu alitaka tu baba yake apate karatasi. Mwanvua alikuwa amekuja na hasira ya kuwagawia watu wawili. Yote ilihamia kwa mmoja.

Hukumu ilisomwa baada ya wiki tatu. Mitalawanda ilikuwa kizingitini tangu asubuhi, na nafasi ya kuliani kwa Kantaben iliachwa wazi. Jaji Consolée alisoma kurasa tatu kwa sauti yake ndogo. Mahakama imeridhika kwamba Thakor Ji yu hai. Imeridhika kwamba aliitwa, akapokea wito, akahudhuria mara mbili, na kwa wakati. Imeridhika kwamba kifo kilichotajwa ni cha Ntakwinja, na kwamba Cirimwami si mwana wa mhusika. Imeridhika kwamba mauzo yalikuwa ya hila tangu mwanzo. Kantaben alimshika Mwanvua mkono.

Jaji aligeuza ukurasa wa nne. Hata hivyo, alisoma, hati mpya ya Bwana Loïc ilitolewa na kutangazwa. Tangazo lilibandikwa ofisini, nyuma ya mlango ambao huachwa wazi mchana kutwa, mahali panapotambulika kisheria. Muda wa kulalamika ulikwisha siku kumi na moja kabla ya kesi kufunguliwa. Kama mwenye kiwanja angekuwa amekufa, warithi wake wangeongezewa muda. Lakini kwa kuwa imethibitika kwamba alikuwa hai na mwenye afya wakati wote huo, alipaswa kulalamika mwenyewe. Hati ya Bwana Loïc inabaki. Kuhusu Ntakwinja, kifo chake kimekwisha kutumika katika jalada jingine na hakiwezi kuandikwa mara ya pili hadi jalada hilo lifutwe, na jalada hilo halifutiki. Mwenye kutoridhika anaweza kuomba muda wa rufaa uongezwe. Ombi lipelekwe na mhusika mwenyewe, na lijibiwe kwa zamu.

Alivua miwani na hakutazama upande wa walalamikaji. Barazani alimpita Mwanvua, akarudi hatua mbili.

"Sheria niliikuta hivi, mama," alisema.

"Na mi viatu niliikuta hivi," Mwanvua akajibu. Jaji akaenda zake.

Kantaben alikuja hekaluni na teksi. Alimtoa Bwana wake ndani, sanamu ya kimo cha mkono, amefungwa kitambaa chekundu, akampakata hadi nyumbani kwake ghorofani, akamweka juu ya kabati na maua mbele yake. Siku iliyofuata alimuuliza Mwanvua kwa simu kama mitalawanda imefika hekaluni. Mwanvua akasema imefika. Kantaben hakuona uchungu. Alisema kwake Bwana anakuja kama mgeni tu. Kwenye daftari la serikali anwani yake ni pale.

Walibomoa mwezi wa sita. Kuta zilianguka siku mbili, ngazi siku ya tatu. Ngazi zilipoondolewa, mitalawanda iliendelea kufika pale pale, kimo cha ngazi ya pili, ingawa chini yake hapakuwa na kitu. Wajenzi waliinama wakipita na mifuko ya saruji. Mhandisi aliona ni hatari kazini, mtu anaweza kujigonga kichwa, akabadilisha mchoro ili jengo jipya liwe na ngazi, na ya pili iwe kimo kile kile. Lilipokwisha, mitalawanda ilikaa juu ya kigae cheupe bila shida yoyote. Jengo lilikuwa duka la milango na vigae, vioo mbele. Walinzi walimhamishia Mwanvua ng'ambo ya barabara. Kila asubuhi alivuka, akafuta vumbi, akakagua misuruaki, akarudi. Mara ya kwanza walinzi walimzuia. Mara ya tisa walichoka.

Na kila mwezi, siku ya kwanza ya kazi, alipeleka mahakamani ombi la kuongezewa muda wa rufaa.

Mwezi wa kumi na mbili, siku duka lilipokuwa linafunguliwa rasmi, Loïc alifika mapema na suti ya kijivu. Alimkuta Mwanvua ngazini na kitambaa chake.

"Mama, salama? Leo wageni watapita hapa. Umwambie muzee avae aende kidogo. Kesho arudi, hakuna shida."

"Iko ndani."

Loïc alichungulia kupitia kioo. Aliona milango imesimamishwa safu kwa safu, yote imefungwa, haina kuta. "Sioni mutu."

"Viatu viko inje, mwenyewe iko ndani," Mwanvua alisema. "Na ukiingia kwa mutu kama huyu, unavua."

Alisema bila kupandisha sauti, na hakuondoka njiani. Loïc alitazama saa. Hakuwa mtu wa kugombana na mama wa watu mbele ya duka lake, siku ya sherehe. Aliketi ngazini, akafungua kamba, akavua viatu vyake vyeusi vya ngozi laini, na kwa mazoea ya mtu anayehudumiwa tangu utotoni akamkabidhi Mwanvua bila kumtazama. Akaingia na soksi.

Mwanvua akabaki amevishika. Alimchukia mtu yule. Alimchukia kwa ajili ya Kantaben, na zaidi kwa ajili ya Ntakwinja, na chuki ilimpanda hadi akasikia masikio yanawaka moto. Mtaro ulikuwa hatua mbili kutoka aliposimama, umejaa maji meusi. Pochini alikuwa na kisu cha kukatia tairi. Alivigeuza vile viatu, akaona kisigino cha kushoto kimeanza kuachia uzi, kitu kidogo ambacho mwenyewe hajakijua bado.

Alivuka barabara, akaketi kwenye gunia, akakishona. Alipiga uzi mara mbili kama alivyofundishwa, akakata, akapaka dawa nyeusi, akasugua. Kisha akavuka tena, akaviweka ngazi ya kwanza, chini ya mitalawanda, vimeelekezwa ndani.

Loïc alitoka kuwapokea wageni, akavikuta. Alivigeuza, akaona uzi mpya.

"Mama, umenishonea. Mi nilifikiri utavitupa kwenye mtaro."

"Nilitaka."

"Na kwa nini haukutupa?"

"Sababu haiko yangu," Mwanvua alisema.

Loïc alicheka kwa roho safi kabisa, akamshukuru, akafunga kamba, akaenda kumfungulia mgeni wa kwanza mlango wa gari.

Mwanvua alipogeuka, ngazi ya pili ilikuwa tupu. Alifunga sanduku, akachukua ombi la saba, akaenda kwa miguu. Saa nne alikuwa kwenye foleni ya dirisha la rufaa. Mbele yake alisimama Cirimwami, aliyekuwa anaomba kifo cha baba yake kirudishwe, na mitalawanda ilikuwa kizingitini mwa ofisi, ina joto. Karani aliinuka kitini ili aione vizuri, akaketi, akaandika daftarini, chini ya mistari sita ya miezi iliyotangulia: mhusika amefika. Akagonga mhuri, akamwambia Mwanvua kwamba zamu yake haijafika, warudi mwezi ujao.

"Tutarudi," Mwanvua alisema.